Uchawi wa mtunzi wa tamthilia umo kinywani mwa mwingine

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika safu ya barua nizungumze na waandishi wa hadithi za ulimwengu wa kubuni, hasa wale ambao shujaa wao ni mtunzi wa tamthilia mwenye uchawi, yule ambaye akitunga jambo, linakuwa. Wazo lenyewe ni tamu, na msomaji wa Kiswahili hahitaji kubembelezwa alikubali: amekua akisikia kwamba maneno huumba. Kasoro iko kwenye utekelezaji. Hadithi nyingi za aina hii humvika mtunzi joho la mganga na kumwacha hapo hapo. Mnyang'anye kalamu umpe kibuyu, mnyang'anye mswada umpe hirizi, na hadithi itaendelea vilevile bila kupungukiwa kitu. Mhusika anayeweza kubadilishiwa kazi kirahisi hivyo, kazi yake haikuwahi kuingia kwenye hadithi.

Mganga hutabana kwa kinywa chake. Mshairi anaweza kughani shairi lake mwenyewe. Mtunzi wa tamthilia ni fundi wa namna ya peke yake: anaandika maneno ambayo hatayasema. Yatasemwa na watu wengine, siku nyingine, mbele ya hadhira iliyokusanyika kwa saa maalumu, huku yeye amekaa kando jasho likimtoka. Hapo ndipo uchawi wake unapotofautiana na uchawi mwingine wote. Uwezo wake umo kinywani mwa mwingine, na kila kanuni ya ulimwengu unaoubuni inapaswa kuanzia hapo.

Mwanafalsafa Mwingereza J. L. Austin, katika mihadhara aliyoitoa Chuo Kikuu cha Harvard mwaka 1955, iliyochapwa kuwa kitabu mwaka 1962, alieleza kwamba yako maneno ambayo kuyatamka ndiko kuyatenda. Anayesema "naahidi" haelezi habari za ahadi, anaitoa. Lakini aliongeza kwamba maneno hayo hayo yakitamkwa na mwigizaji jukwaani huwa matupu. Waigizaji wawili wakifunga ndoa katika onyesho la tatu, wakishavua maleba kila mmoja anarudi kwake. Ulimwengu wa watunzi wachawi ni ulimwengu ambamo kanuni hiyo imevunjika mahali fulani, na mwandishi lazima ajue imevunjikia wapi kabla hajaandika sentensi ya kwanza.

Inaweza kuvunjikia mahali panne: wino unapogusa karatasi, mwigizaji anapotamka, hadhira inaposikia, au hadhira inapoamini. Waandishi huchagua la kwanza kwa haraka, nalo ndilo dhaifu kuliko yote. Neno likitimia pale linapoandikwa, waigizaji ni wa nini? Jukwaa ni la nini? Tumerudi kwa mwandika hirizi.

Ukichagua kutamka, papo hapo unapata shida ambayo ni mali: mazoezi. Tamthilia hufanyiwa mazoezi tena na tena. Ikiwa kila tamko linatimia, mfalme atakufa mara kumi na nne kabla pazia halijafunguliwa. Watu wa ulimwengu huo lazima wawe na namna yao ya kufanya mazoezi bila kuleta maafa, na historia ya maonyesho imetuachia namna moja iliyo tayari. Katika Uingereza ya enzi za Shakespeare mwigizaji hakupewa mswada mzima. Alipewa maneno yake peke yake, na kabla ya kila zamu yake aliandikiwa maneno machache ya mwisho ya yule anayemtangulia, ili ajue aingie lini. Karatasi ziliunganishwa zikawa ukanda mrefu wa kuviringishwa. Kunakili kwa mkono kulikuwa kazi kubwa, na mswada mzima ukizagaa ungeweza kuangukia mikononi mwa kundi jingine. Katika ulimwengu wa uchawi, mtindo huu unageuka kuwa kinga: kila mwigizaji anajifunza ukanda wake chumbani peke yake, na usemi usio na jibu hauna nguvu. Nguvu huja vipande vinapokutana.

Yale maneno machache ya mwisho tuyaite viashiria. Yawe mawili hadi manne. Neno moja hujirudia mno. Yakiwa sita, mwigizaji anabaki akiyasubiri huku mwenzake ameshanyamaza. Kisha kaa na mswada mzima, uandike viashiria vyote vya onyesho moja kwenye karatasi moja, utazame kama kuna viwili vinavyofanana. Kiashiria kilichojirudia ni hatari hata kwenye jukwaa la kawaida: mwigizaji anasikia "bwana wangu" ukurasa wa pili, ilhali cha kwake ni "bwana wangu" ya ukurasa wa tano, anaingia, anajibu, na kurasa tatu zimerukwa bila mtu kujua namna ya kurudi. Kwenye jukwaa la kawaida hilo ni aibu ya usiku mmoja. Katika ulimwengu wako, mazishi yametangulia ugonjwa. Msiba mzima unaweza kuanzia kwenye maneno mawili yaliyorudiwa na mnakili aliyechoka, na msomaji ataelewa kila hatua kwa sababu kosa ni la kazi, si la mizimu.

Ukichagua kusikia, amua hesabu. Mashahidi watatu? Mia? Halafu amua nani anahesabiwa: kiziwi, mtoto mchanga, aliyesinzia, mwizi aliyejificha chini ya mbao za jukwaa. Ulimwengu ambao neno hutimia likisikika utakuwa na wajenzi wanaojua sauti. Ukumbi wa mawe wa Epidaurus huko Ugiriki, uliojengwa katika karne ya 4 KK, unasifika hadi leo kwa jinsi sauti isiyo na kipaza inavyopanda hadi safu za juu. Basi majengo ya watu wako yafanane na hayo, na adui akitaka kuharibu uchawi asilete jeshi, alete upepo, au alete watu ishirini wenye kikohozi.

Kuamini ni kugumu zaidi. Mshairi Mwingereza Coleridge aliandika mwaka 1817 juu ya msomaji anayeweka kando kwa hiari yake kule kutosadiki kwake, na mwandishi atavutiwa kuuweka uchawi pale pale. Ni pazuri, ila pana utelezi. Imani haipimiki. Msomaji hawezi kujua mapema ni wakati gani uchawi utashindwa, na asipojua hawezi kuogopa. Ushauri wangu ni kuunganisha kutamka na kusikia, kwa hesabu inayojulikana, kisha imani iongeze au ipunguze kidogo tu. Kicheko kimoja safu ya mbele kipunguze mvua iwe manyunyu, kisiifute.

Sasa nije kwenye jambo ambalo mwandishi wa Kiswahili amekalia utajiri asioutumia, yaani vitenzi. Hadithi nyingi humfanya mtunzi mchawi aandike tu "mto urudi nyuma", na mto ukarudi. Lakini tazama tulicho nacho. "Mvua inyeshe" ni ombi au amri. Inafungua mlango, na mvua inaweza kukataa. Hii iwe ya wanagenzi. "Mvua inanyesha" inatenda mradi tu onyesho linaendelea. Mwigizaji akitoka, wingu linapasuka na kutawanyika. "Mvua imenyesha" ni ya kutisha, kwa sababu inaruka njia na kuleta matokeo: madimbwi yamejaa, majani yanachuruzika, wala hakuna aliyeona wingu. Kwa mtu ni vibaya zaidi. Mwigizaji akitamka "tajiri amekufa", pana maiti isiyo na jeraha wala ugonjwa, na atakayeshukiwa ni yule aliyesimama karibu. Mtunzi mwenye huruma ataiepuka -me- hata pale anapohitaji mtu afe, ili kifo kipate sababu yake.

Kiambishi cha hu- kiwe na sheria yake. Mwanagenzi anataka mandhari nzuri ya kufungulia onyesho, anamwandikia msimulizi: "Katika bonde hili mvua hunyesha." Ameshaliangamiza bonde. Hu- haina mwanzo wala mwisho. Mvua haitakoma mpaka itungwe tamthilia nyingine ya kuizuia. Upande wa pili iko -nge-, ambayo husema jambo ambalo haliko. Kwa hiyo ni ngome. Kundi lenye nidhamu linaweza kufanya mazoezi yake yote kwa -nge-: "mfalme angekufa, malkia angelia". Hakuna kinachotokea. Usiku wa onyesho wanabadilisha kiambishi kimoja, na hapo ulimi wa mwigizaji aliyezoea mwezi mzima unaweza kuteleza ukarudi kwenye -nge- katikati ya tamko. Onyesho lisilofanya kitu mbele ya watu elfu waliokuja kuomba mavuno ni mahali pazuri sana pa kuanzia sura mpya.

Wakati uliopita, -li-, mimi ningeunyima nguvu kabisa. Yaliyopita yakiweza kuandikwa upya, hakuna tukio lenye uzito tena, kwa kuwa kila msiba una kifutio.

Mtego mkubwa kuliko yote, na sijauona ukitumiwa, umo kwenye ukanushi. "Mfalme anakufa" na "mfalme hufa" ni sentensi mbili tofauti, lakini zikikanushwa zote mbili huwa moja: "mfalme hafi." Mtunzi anataka kumwokoa mfalme usiku huu tu, sumu imekwisha kumwingia. Anaandika "hafi", akimaanisha sasa hivi. Tamko linatoka, na mfalme hafi: usiku ule, mwaka ule, wala baada ya wajukuu wake kuzeeka na kuzikwa. Hilo haliwezi kutafsiriwa kwa lugha ambayo inatenganisha maana hizo mbili. Limo ndani ya Kiswahili, linasubiri mtu.

Hali kadhalika kiambishi cha nafsi. "Amekufa" haisemi nani. Jukwaani wamesimama watu watatu, mwigizaji anamwelekezea kidole mmoja wao, lakini kidole hakisikiki. Kanuni ya kazi iwe hivi: kila usemi wenye nguvu utaje jina, usitegemee a- wala m-. "Amemsamehe" ni balaa. "Mzee wa Mlango amemsamehe Binti wa Chumvi" ni salama. Mtunzi mchawi mzuri atatambulika kwa kurudiarudia majina hadi msomaji wa kawaida aone anachosha, na mhusika mmoja anaweza kuijua kazi ya bwana fulani kwa dalili hiyo hiyo.

Na "mimi" je? Mwigizaji akisema "mimi nimelaaniwa", laana inampata nani, yeye au mhusika? Waandishi wa fantasia hulikwepa swali hili, nalo ndilo moyo wa fani. Wagiriki wa kale wanatusaidia. Katika tanzia zao, baada ya mtunzi Sophocles kuongeza mwigizaji wa tatu, waigizaji wenye kusema hawakuzidi watatu, nao waligawana nafasi zote kwa kubadilisha vinyago. Kinywa kimoja kiliweza kutoa amri mwanzoni na kuuawa kwa amri hiyo hiyo mwishoni. Ukikubali kwamba laana hushika kinyago na si uso, umepata kanuni safi na hatari yake safi: kinyago kikilegea katikati ya sentensi, nusu ya laana imepata ngozi. Kwa hiyo kiwe na kamba mbili, moja juu ya masikio na nyingine chini ya kidevu, na awepo mtu ambaye kazi yake ni kukagua mafundo kabla ya kila kuingia. Mpe jina mtu huyo. Ndiye atakayehongwa.

Maelekezo ya jukwaani yanahitaji uamuzi wake. Yale yanayoandikwa kwenye mabano, "(Radi inapiga. Mlima unameguka.)", hakuna anayeyatamka. Mwandishi akiyapa nguvu, mtunzi wake ameshakuwa Mungu bila kutoa jasho: wahusika wanazungumza huku milima inameguka mabanoni. Nashauri yasiwe na nguvu yoyote, kwa sababu asili yake ni maagizo kwa wafanyakazi, na yule wa kupiga debe la radi anajua si radi. Mtunzi anayetaka mlima umeguke itambidi atafute mhusika wa kulisema jambo hilo, na sababu ya mhusika huyo kulisema. Hapo anarudi kwenye kazi yake halisi. Kutafuta sababu ya mtu kusema jambo ndiyo kazi yenyewe ya kutunga tamthilia.

Mfano utasaidia. Namna mbovu ni hii:

MTUNZI (akiinua kalamu): Kwa uwezo wa kalamu hii, ewe mto, rudi nyuma! (Mto unarudi nyuma.)

Namna ninayoitetea ni hii:

MVUVI: Nyavu zimevutwa upande gani?
MKEWE: Wa mlimani.
MVUVI: Jana zilivutwa upande wa bahari.
MKEWE: Jana ulizitega mwenyewe. Leo nimezitega mimi.

Hakuna aliyeuamuru mto. Wavuvi wawili wanazungumza juu ya nyavu, jambo ambalo wavuvi hulifanya kila siku, na mto umegeuka kwa sababu nyavu huelekea mkondo unakoelekea. Usemi wa mwisho unaleta ugomvi wa mke na mume ambao ungekuwepo hata bila uchawi. Hadhira inausikia mto ukigeuka nyuma ya migongo yao. Mtunzi aliyeandika hivyo anajulikana kuwa ni mtunzi, si mganga aliyeazima karatasi.

Kisha kuna usiku wa pili. Kitabu husomwa, lakini tamthilia huonyeshwa, na ikipendwa huonyeshwa tena. Kama mfalme alikufa usiku wa kwanza, usiku wa pili anakufa nani? Ziko njia mbili za kulijibu swali. Ya kwanza ni kwamba mswada huonyeshwa mara moja kisha huchomwa pamoja na kanda zote za waigizaji, na hapo hatari ni ukanda mmoja uliofichwa. Ya pili naipenda zaidi: tendo hudumu kwa muda tu, na lazima lirudiwe ili lisimame. Ukuta wa mji umesimama kwa sababu kila baada ya siku thelathini kundi linaonyesha onyesho la ukuta. Mtunzi aliyefikiri amekuwa bwana wa dunia amekuwa mtumwa wa ratiba. Mwigizaji akiugua koo siku ya ishirini na tisa, mji mzima unamkalia kitako na asali na tangawizi. Itabidi awepo mwigizaji wa akiba aliyekariri ukanda uleule, na akiba huyo atajua thamani yake vizuri kupita kiasi.

Gharama nitaipitia haraka, kwa maana waandishi wengi wanajua kwamba uchawi usio na gharama unachosha. Ninachodai ni kwamba gharama ilipwe kwa sarafu ya fani yenyewe. Damu na miaka ya uhai zimezoeleka. Jaribu hii: kila neno la tamko lenye nguvu linatoka kwenye kumbukumbu ya mtunzi, halirudi. Matamko kumi na mawili yenye maneno manane ni maneno tisini na sita, na kwa kuwa usemi mzuri hujengwa kwa maneno mepesi, atapoteza "maji", "mama", "leo", "njoo". Piga hesabu hiyo ukiandika, neno kwa neno, na usimruhusu alitumie tena hata kwa bahati mbaya. Wasomaji watafuatilia, na watakushika ukikosea.

Mtawala wa nchi hiyo hatakaa kimya. Huko Uingereza sheria ya mwaka 1737 ilitaka miswada ya tamthilia ipitishwe na ofisi ya mkuu mmoja wa ikulu kabla ya kuonyeshwa, na utaratibu huo haukufutwa hadi mwaka 1968. Huko nguvu za maneno zilikuwa za kisiasa tu. Katika ulimwengu wako mkaguzi atakuwa mtaalamu wa viambishi, akipitia kila kitenzi kwa wino mwekundu, akitafuta hu- iliyojificha. Na adui yake atakuwa mwigizaji anayebuni papo hapo, kwa sababu kisichoandikwa hakikaguliki.

Usisahau matapeli. Penye uchawi wa kweli pana wa kuigiza, na jukwaa lina mbinu za kale za kutosha. Mwaka 1862 John Henry Pepper alionyesha jijini London mzuka uliotokana na wazo la mhandisi Henry Dircks. Kioo kikubwa safi huwekwa mbele ya jukwaa, kikiwa kimeinamishwa kuelekea hadhira. Mwigizaji wa mzuka hufichwa kwenye shimo chini ya usawa wa jukwaa, mbele ya kioo, na kumulikwa kwa taa kali. Ukumbi ukiwa na giza, hadhira haikioni kioo. Inaona taswira ya mwigizaji ikielea kati ya wale walio jukwaani, mwili wake ukiwa mwangavu kama moshi. Yako mambo yanayoiharibu hila hii. Taa ya ukumbini ikiwashwa, kioo kinang'aa. Vumbi au alama ya kidole inaelea hewani bila mwenyewe. Walio jukwaani hawamwoni mzuka, kwa hiyo lazima wapigiwe alama sakafuni wajue watazame wapi, na mmoja akikosea hatua anaongea na hewa. Tena kioo huziba sauti ya walio nyuma yake, ndiyo maana maonyesho ya namna hiyo yalifaa zaidi matukio ya kimya. Hilo linampa mwandishi kipimo kilichokaa vizuri kabisa na kanuni tuliyoanzia: tapeli ana mizuka ya kutazama, na mtunzi wa kweli ana mizuka inayojibu.

Mwandishi wa fantasia J. R. R. Tolkien, katika mhadhara alioutoa Chuo Kikuu cha St Andrews mwaka 1939, alidai kwamba fantasia haikai vizuri jukwaani, kwa vile jukwaa lenyewe tayari ni ulimwengu wa kuigiza, na kuongeza mwingine juu yake ni kuzidisha. Namkubalia nusu. Ndani ya hadithi ya kusomwa, dawa ni kulifanya jukwaa liwe maskini: mbao, pazia lenye kiraka, taa mbili za mafuta, kiti. Kila kitu kiwe cha kawaida na kionekane ni cha kawaida, kisha kibadilike kitu kimoja tu. Ukijaza jukwaa majoka ya dhahabu na mawingu yanayoimba, msomaji hataona uchawi ulipoingia.

Nakuomba mwandishi pia usimwokoe mtunzi wako kwa tamko ambalo hatujalisikia likishindwa. Wagiriki walikuwa na winchi ya kumshusha mungu jukwaani, na Aristotle alionya kwamba fundo la kisa lifunguke kutokana na kisa chenyewe, si kwa mashine. Mhusika mwenye uwezo wa kutunga mwisho wake anatembea na winchi hiyo mfukoni. Mwonyeshe akiitumia na ikikatika kamba, mapema, katika jambo dogo, kabla hujamtundika juu ya jambo kubwa.

Kwako sasa, Ndugu Mhariri, nina maombi matatu kwa ajili ya hadithi za mfululizo unazozichapa. Sehemu za tamthilia zilizo ndani ya hadithi zichapwe kwa mpangilio wa tamthilia, jina la msemaji mwanzoni mwa mstari, zisibanwe ndani ya aya ili kuokoa nafasi. Msomaji anatakiwa aone ni kinywa cha nani. Hadithi ikikatwa kusubiri toleo lijalo, ikatwe kabla ya jibu, kwa kuwa katika hadithi hizi jibu ndilo linalofunga tendo. Na wasomaji wako wa prufu wasinyooshe vitenzi. Wakiona "hunyesha" mahali walipotarajia "inanyesha", au jina moja limerudiwa mara nne katika sentensi moja, wampigie mwandishi kwanza kabla ya kugusa herufi.

Wako,
Mpenzi wa tamthilia